Kiti cha Kushoto

Kila asubuhi, kabla hajafungua macho vizuri na kabla hajamwamkia mama yake, Msusi alitoa kiberiti chini ya mto akakitikisa. Kwanza sikio la kulia. Njiti zikacheza ndani ya kasha, naye akashusha pumzi. Kisha sikio la kushoto. Hapo alikitikisa mara mbili tatu, maana siku nyingine njiti zilisikika kwa mbali kama za nyumba ya jirani, na siku nyingine hazikusikika kabisa, likasikika lile birika tu.

Birika lenyewe lilianza hivi. Siku moja aliamka akasikia maji yakichemka jikoni, mluzi mrefu mwembamba usiokata pumzi, akapaza sauti kumwambia mama yake aepue. Mama akaja mlangoni na ufagio mkononi, akamtazama. Jiko lilikuwa halijawashwa. Birika lilikuwa ndani ya sikio lake, na tangu siku hiyo hakuna aliyeweza kuliepua.

Ingekuwa mimi au wewe, tungelalamika wiki moja kisha tukazoea. Mtu anaweza kumenya viazi kwa sikio moja. Anaweza kushona, kuuza duka, hata kuongoza watu, na wapo wanaoongoza bila hata hilo moja. Lakini Msusi alikuwa anajifunza kumiksi muziki, yaani kuchukua sauti zilizorekodiwa mbalimbali, ngoma huku, gitaa kule, mwimbaji katikati, na kuzipanga zikae pamoja kwenye spika mbili bila moja kuikanyaga nyingine. Kazi hiyo ni masikio mawili na mtu aliyekaa kati yake. Kumwambia fundi wa kazi hiyo kwamba sikio lako moja linakufa ni sawa na kumwambia mwenye basi kwamba jicho lako moja halioni, halafu ukamwomba ufunguo.

Basi hakumwambia mtu. Alitia kufuli mdomoni, akawa anaishi na roho mkononi.

Hilo jina la Msusi alipachikwa huko studio, kwa utani. Kabla ya hapo alikuwa amesuka vichwa vya watu kwa miaka mingi kwenye saluni ndogo yenye vioo viwili, mashine za kukaushia nywele zilizonguruma kutwa, na redio juu ya kabati la mafuta. Siku moja alikuwa akimsuka mama mmoja mnene, mkimya, aliyesinzia kitini. Redio ikapiga wimbo mpya, na Msusi, vidole vikiwa kazini, akajisemea tu: “Aliyetengeneza huu wimbo kamwonea mwimbaji. Besi imemkalia kifuani.”

Yule mama akafungua jicho moja ndani ya kioo.

“Nani kakufundisha hayo?”

“Hakuna, mama. Nasikia tu.”

“Hebu malizia kichwa changu, halafu njoo usikilizie kwangu.”

Kumbe mama huyo alikuwa fundi wa sauti, na tena si fundi wa kubahatisha. Walimwita Mama Mizani, kwa sababu neno lenyewe halikumbanduka mdomoni: mizani ya besi, mizani ya sauti ya mwimbaji, mizani ya chumvi kwenye chakula. Studio yake ilikuwa ghorofani, juu ya duka la matairi, vyumba viwili na korido. Alifanya kazi na mzee mmoja mrefu mwembamba, miwani yake imefungwa kwa uzi nyuma ya kisogo, ambaye kila kitu chenye umeme humo ndani kilikuwa kimepita mikononi mwake. Huyo ndiye Fundi Waya. Wawili hao walikuwa wamefanya kazi pamoja muda mrefu mpaka wakawa wanagombana kama mtu na dada yake.

Msusi aliposema anaacha saluni, mama yake mzazi nusura azimie. “Unaacha vichwa vya watu, vinavyoota nywele kila siku Mungu akipenda, unakwenda kufuata kelele!” Lakini Msusi alikwisha kuamua. Kiti chake cha saluni alimwachia binamu yake, na binamu huyo ni mmoja wa wale watu ambao wakishakaa mahali, hata ukizima taa hawaondoki. Kurudi nyuma hakukuwepo. Na mbele kulikuwa na ahadi moja tu: siku ambayo angemiksi wimbo mzima peke yake, mwanzo mpaka mwisho, na Mama Mizani akauridhia, siku hiyo angekuwa fundi wa pale. Asipoweza, ashukuru kwa chai aliyokunywa.

Mafunzo yalikuwa ya ajabu kidogo. Mama Mizani alimtaka afanye kazi kwa sauti ndogo mno, mpaka asikie saa ya ukutani ikitembea juu ya wimbo. Alifunika kioo cha kompyuta kwa kitambaa cha meza, maana kuna vitaa vya kijani vinavyopanda na kushuka kuonyesha nguvu ya sauti, na alisema mwanafunzi akiviona atamiksi taa badala ya muziki. “Macho hayajawahi kusikia kitu,” alikuwa akisema. Kulikuwa pia na spika moja kuukuu, ndogo kama kopo la maziwa, iliyoitwa Bibi. Wimbo usiosikika vizuri kwenye Bibi haukutoka mlangoni, hata kama kwenye spika kubwa unatikisa madirisha.

Na ilikuwepo desturi nyingine, hii sijaikuta kwingine. Kila wimbo ulipofika katikati ya kazi, Mama Mizani alisema “geuza pande,” na Fundi Waya au mwanafunzi alibonyeza kitufe kilichobadilisha pande zote: cha kushoto kikaenda kulia, cha kulia kushoto. Kisha wakaanza kusikiliza upya, kama wimbo wa mtu mwingine. Alipoulizwa sababu, alijibu kwamba masikio huzoea vibaya. Kila mtu akaridhika na jibu hilo. Fundi mkubwa akikwambia jambo, unatikisa kichwa.

Mwanafunzi alikaa kwenye kiti cha kushoto, Mama Mizani kulia kwake. Kiti hicho hakikuwahi kuhama, na Msusi hakuwahi kuomba kihame, kwa sababu kutoka pale sikio lake la kulia, lile zima, ndilo lililomwelekea mwalimu. Alishukuru Mungu kimoyomoyo kila alipokaa. Nyumbani hakuwa na bahati hiyo. Huko mama yake alimsemesha kutoka popote, na akimsemesha kutoka kushoto hakujibiwa, akanuna. “Siku hizi umejitia pamba masikioni,” alisema. “Umekuwa mtu wa muziki, mama yako si wimbo.” Msusi aliinama akaendelea kuosha vyombo. Maneno hayo yalimchoma, lakini bora mama amwone ana kiburi kuliko amwone kiziwi.

Wa kwanza kugundua kasoro alikuwa Fundi Waya. Alisimama koridoni mlango ukiwa wazi, kama kawaida yake, mgongo kwa spika, akasikiliza kazi ya Msusi mpaka mwisho.

“Huu wimbo umeegemea,” alisema.

“Umeegemea vipi, Babu?”

“Kushoto. Kila kilichoko kushoto kina nguvu mno. Wimbo unatembea kama mwenye kiatu kimoja.”

Msusi alijua palepale. Sikio la kushoto lilikuwa halimletei kitu, naye bila kujua alikuwa amelisukumia sauti zaidi, kama mtu anayempigia kelele mgonjwa. Alifungua mdomo aseme, lakini mzee akamwahi.

“Spika ya kushoto imechoka, si kosa lako. Inakudanganya. Niletee bisibisi.”

Naye akaleta bisibisi.

Hapo ndipo alipokosea, na mimi simtetei, ingawa mate yangu mwenyewe yangekauka vilevile. Fundi Waya alifungua spika ya kushoto, akaitoa utumbo wote mezani, akapuliza vumbi, akachomelea upya nyaya ambazo hazikuwa na ubaya wowote. Msusi alimshikia tochi. Juma lililofuata wimbo mwingine ukaegemea vilevile. Mzee akabadilisha spika, ya kulia ikaenda kushoto. Wimbo ukaegemea. Akasema basi ni chumba, ukuta wa kushoto unameza sauti, wakasukuma kabati, wakatundika blanketi, wakatundua blanketi, mwenye duka la matairi akapanda kuuliza kama wanahama. Wimbo ukaegemea. Na kila mara Msusi alishika tochi, akashika ngazi, akasema “pole, Babu.”

Alikwenda kwa daktari wa masikio bila kuaga. Alifungiwa kwenye chumba kidogo kama kabati, kuta za sponji, mlango mzito, hedifoni kichwani na kitufe mkononi. “Ukisikia mlio wowote, bonyeza.” Mwanzoni alijisikia yuko nyumbani. Sikio la kulia lilikwenda vizuri, milio ikaja midogo kuliko punje naye akaidaka yote. Kisha ikafika zamu ya kushoto, na pakawa na birika tu.

Akangoja. Birika. Akangoja tena. Halafu akafanya jambo ambalo nadhani mtu wa muziki peke yake ndiye angelifanya: akakumbuka mwendo. Upande wa kulia daktari alikuwa akileta mlio, anaacha pigo mbili tatu, analeta mwingine. Msusi akaanza kuhesabu mapigo kimoyomoyo na kubonyeza palepale ambapo mlio ulipaswa kuwa. Alibonyeza vizuri kabisa. Mtu angeweza kucheza ngoma kwa mapigo yake.

Daktari alifungua mlango akiwa na uso wa mtu anayezuia kicheko.

“Dada, umebonyeza mara kadhaa kabla mimi sijaleta kitu.”

Msusi akaangua kilio hapohapo, hedifoni zikiwa bado kichwani.

Daktari akaacha kutaka kucheka. Alimweleza taratibu kwamba mshipa wa ndani umechakaa, huenda ni miaka ya zile mashine za saluni, huenda ni jambo lingine, na kwamba kilichopotea hakitarudi. Alimwambia alitunze la kulia, asikae kwenye kelele.

“Hilo la kulia ni zima?”

“Ni zima kwa sasa.”

Alirudi nyumbani kwa miguu. Maneno mengine yote ya daktari aliyasahau njiani, yakabaki hayo mawili, kwa sasa, yakimfuata nyuma kila hatua. Usingizi ukampaa. Akiwa kitandani aliogopa kulalia sikio zima asije akaliumiza, na aliogopa kulalia lile bovu maana akililalia, lile zima lilisikia kila kitu, mpaka panya wa dari, na kila alichosikia alijiuliza kama ndiyo mara ya mwisho.

Akawa mwoga wa kila kitu. Aliogopa honi. Aliogopa mlango unaobamizwa. Zaidi ya yote aliogopa kile kitufe cha kugeuza pande. Tangu birika lianze alikuwa amekibonyeza mara moja tu akiwa peke yake, na papo hapo kayamba alilokuwa ameliweka kushoto, akidhani limetulia, lilimrukia sikio la kulia kama mtu aliyefungiwa nje kwa saa nzima. Aliona wazi ukubwa wa shimo alilokuwa akilifukia. Akarudisha pande haraka, na tangu siku hiyo, alipokuwa peke yake, hatua hiyo aliiruka. Aliyemwona angesema ni mvivu. Haukuwa uvivu, ilikuwa hofu tupu.

Kisha wakaja wale dada wawili.

Walikuwa waimbaji, ndugu wa tumbo moja, Dada Mkubwa na Dada Mdogo, sauti zao tamu ajabu na ugomvi wao wa tangu kunyonya. Wimbo wao waliuimba kwa kupokezana, na waliahidiwa mkubwa atakaa upande wa kushoto na mdogo upande wa kulia, na wala wasizidiane hata chembe. “Nikimsikia amenipita,” alisema Dada Mdogo, “nakuja kulala hapa mlangoni.” Dada Mkubwa akasema yeye atakuja na godoro.

Mama Mizani alicheka mpaka mabega yakatikisika. Halafu akamgeukia Msusi.

“Huu ndio wako. Ijumaa watakuja kuusikiliza. Umiksi peke yako.”

Msusi akasema ndiyo, mama, asante, mama. Akaenda chooni, akafungua bomba ili asisikike, akatapika.

Hebu fikiria. Katika nyimbo zote za duniani, aliletewa wimbo ambao kushoto ni mtu mmoja, kulia ni mtu mwingine, na wote wawili wako tayari kuleta godoro. Alihangaika nao siku zote za kati. Alipokuwa peke yake aliinua pembe ya kile kitambaa akachungulia vitaa vya kijani, akapima kwa macho, lakini sauti ya mtu si kilo ya sukari: taa zilipolingana, Dada Mkubwa alisikika ananong’ona mle kichwani mwake, na Msusi hakuweza kuamini taa. Akampandisha kidogo. Akampandisha kidogo tena. Moyo ukamwambia umezidisha. Akamshusha. Akampandisha. Mpaka Alhamisi inakwisha hakujua tena yule dada yuko wapi.

Ijumaa asubuhi alitikisa kiberiti kushoto na hakusikia njiti hata moja.

Alikwenda studio hivyo hivyo. Mlangoni alimkuta Fundi Waya, na chini, karibu na viatu vyake, ulikuwepo mfuko wa zana zake umefungwa kwa kamba. Bisibisi, koleo, ile pasi ndogo ya kuchomelea, vyote vimefungwa. Ndani, Mama Mizani alikuwa kitini mwake akikagua rekodi ya mtu, amebana hedifoni upande mmoja tu, sikio la kushoto, kama mtu anayeongea na simu. Ndivyo alivyofanya siku zote. Upande wake wa kulia ndio uliokuwa mlangoni.

“Shikamoo, Babu. Unasafiri?”

“Marahaba. Nakwenda kupumzika, mwanangu. Kufuga kuku.” Mzee alivua miwani akaifuta kwa shati. “Jana jioni nimesikiliza huo wimbo wako. Umeegemea kuliko yote. Nimefungua kila kitu humu ndani, nimechomelea kila waya, na bado. Basi ubovu si wa waya. Ni mikono yangu, ni macho. Fundi akifika mahali anaharibu anachotengeneza, aondoke mwenyewe kabla hajaondolewa. Wewe usiogope, nimemwandalia Mama Mizani maneno, nitamwambia kosa ni langu.”

Alisema hayo kwa upole, na huo upole ndio uliommaliza Msusi. Angemfokea angevumilia. Aliutazama mfuko ule, akaliona lile fundo la kamba, mzee amelikaza mara mbili, na kitu kikamfunguka kifuani.

“Babu, siyo waya!” alisema, na sauti ikamtoka kubwa kuliko alivyotaka. “Siyo waya, siyo spika, siyo mikono yako. Ni mimi. Sikio langu la kushoto limekufa. Nilijua tangu siku ya kwanza nikakuacha ufungue spika. Nilikushikia tochi na huku najua. Mama, nisamehe. Mimi sisikii kushoto.”

Basi, imetoka. Akafumba macho akisubiri radi.

Radi haikuja. Fundi Waya alikuwa amepigwa butwaa, miwani ikining’inia kwenye uzi. Msusi akafumbua macho akamtazama mwalimu wake. Mama Mizani alikuwa akiendelea na kazi. Alisogeza kitu kidogo kwenye meza, akatikisa kichwa kufuata ngoma, hedifoni kwenye sikio la kushoto. Sikio lake la kulia lilikuwa wazi, halina kitu, limeelekea mlangoni moja kwa moja, hatua chache tu kutoka kwa mtu aliyekuwa akipiga kelele.

“Mama,” alisema Msusi.

Mama Mizani hakugeuka.

Akasogea mbele mpaka kivuli chake kikaangukia meza. Ndipo Mama Mizani aliposhtuka, akashusha hedifoni, akageuka. Hakugeuza kichwa peke yake. Aligeuza kiti chote, mwili mzima, mpaka sikio la kushoto likawaelekea, na usoni akaweka tabasamu la mtu ambaye amesikia kidogo na anaomba arudiwe.

Msusi alilijua tabasamu hilo. Alilijua lile zungusho la kiti. Alikuwa akilifanya yeye mwenyewe kila siku, nyumbani, dukani, kwa daktari.

“Mnasemaje?” aliuliza Mama Mizani.

“Mama,” alisema Msusi taratibu, “hilo la kulia lilikwenda lini?”

Mama Mizani alimtazama Msusi, akamtazama Fundi Waya, akautazama mfuko chini. Mkono wake ulikwenda wenyewe kwenye sikio la kulia ukalifunika, kama mtu aliyefumaniwa hajavaa.

“Zamani,” alisema. “Kabla huyu mzee hajaanza kuvaa miwani.”

“Na hukuniambia?” Sauti ya Fundi Waya ilipanda. “Miaka yote hii tunakula sahani moja!”

“Ningekwambia nini? Kwamba fundi wako wa sauti hasikii? Ungebaki?”

Mzee akakaa juu ya mfuko wake wa zana. “Kwa hiyo,” alisema hatimaye, “humu ndani mwenye masikio mawili ni mimi peke yangu. Na mimi ndiye niliyekuwa nakwenda kufuga kuku.” Akaanza kuifungua ile kamba kwa hasira, na aliapa kwamba blanketi lile la ukutani Msusi atalifua kwa mikono yake. Msusi hakumlaumu.

Mama Mizani akavuta kile kiti cha kushoto. “Kaa. Wenyewe wanakuja mchana.” Akafunika kioo kwa kitambaa. “Unajua kwa nini tunageuza pande?”

“Ulisema masikio huzoea vibaya.”

“Nilisema hivyo.” Akasukuma kile kitufe mbele ya mwanafunzi wake. “Msikilize mkubwa kwa sikio zima mpaka umjue. Geuza. Msikilize mdogo kwa sikio lilelile. Usiwapime kwa pamoja, huwezi, na mimi siwezi. Mpime mmoja, umweke moyoni, geuza, mpime mwingine. Kitakutisha. Bonyeza hivyo hivyo.”

Msusi akabonyeza. Dada Mkubwa alimrukia sikio la kulia akiwa mkubwa kama nyumba, na kwa sekunde moja alitaka kukimbia. Mkono wa Mama Mizani ulikuwa juu ya meza karibu na wake, na Msusi akaona umeshika ukingo kwa nguvu. Akamshusha yule dada. Akageuza. Akamsikiliza mdogo. Akageuza. Walifanya hivyo asubuhi yote, bila maneno, shingo zikiuma, mpaka Bibi alipouimba wimbo wote na Fundi Waya, aliyesimama koridoni amegeuza mgongo, hakusema umeegemea. Hakusema kitu kingine pia.

Wale dada wakaja, wakasikiliza wamekunja mikono. Wimbo ulipokwisha Dada Mkubwa akasema mdogo wake amepewa sauti kubwa zaidi, haki ya Mungu. Dada Mdogo akasema anashangaa, maana yeye amemsikia mkubwa tu mwanzo mpaka mwisho.

“Basi mko sawa,” alisema Mama Mizani, akampa Msusi ufunguo wa studio mbele yao.

Ningependa kusema kwamba hofu iliisha hapo. Haikuisha. Jioni ile, walipobaki wawili, Msusi aliuliza swali alilokuwa akiliogopa kuliko yote: na hilo la kushoto, mama, hilo ni zima?

“Kwa sasa,” alisema Mama Mizani.

Msusi akaita moyoni jina la Mungu. Baada ya hapo hawakuongea tena habari hiyo ana kwa ana. Lakini kesho yake asubuhi, Msusi akiwa bado ameshika kiberiti, simu yake iliita. Aliiweka sikio la kulia.

“Lipo?” iliuliza sauti ya Mama Mizani, bila salamu.

“Lipo, mama. La kwako?”

“Lipo. Njoo kazini.”

Ikawa desturi. Siku hizi Msusi ndiye anayepiga, na nyumbani mama yake mzazi, ambaye sasa anajua, anakaa kulia kwake mezani na kumtazama akipiga. Juzi juzi simu iliita ikakatika. Akapiga tena, ikaita mpaka mwisho. Akapiga mara ya tatu akiwa amesimama, kiberiti kimevunjika mkononi, njiti zimetapakaa kitandani. Ikapokelewa. Upande wa pili pakawa kimya, mtu anapumua.

“Lipo?” aliuliza Msusi. “Mama, lipo?”

Kimya. Kisha mkwaruzo, kishindo, na sauti ya Mama Mizani ikisonya.

“Mwanangu, nilikuwa nimeiweka simu kwenye lile bovu.”

Walicheka, wakacheka mpaka Mama Mizani akaanza kukohoa. Simu ilipokatwa, Msusi alipiga magoti kuokota njiti, moja moja, na mama yake akapiga magoti kando yake kumsaidia, upande wa kulia, maana mikono ya mwanawe ilikuwa ikitetemeka mno haikuweza kushika kitu.